Saa ya Bwana Talha

Saa nne kasoro robo asubuhi ya Alhamisi, Inspekta Eufrazia Nandonde alikuwa amekaa kwenye kigoda uani kwa watu, Chang'ombe, akiitazama nguzo ya kuanikia nguo. Robo saa nzima hakuwa amebandua macho hapo, na Bi Chausiku, mwenye ua, alikwisha kuanza kuamini kwamba serikali imemletea mwehu.

"Mwanangu, hata chai hutaki?"

"Nimeshakunywa, mama. Nisubiri kidogo tu."

"Wasubiri nini, na nguzo haiendi popote?"

"Nguzo haiendi. Kivuli ndicho kinachotembea."

Bi Chausiku aliguna, akarudi kwenye ungo wake wa mchele. Siku nyingine angecheka. Wiki hii hakuwa na cheko.

Mkobani mwa Eufrazia mlikuwa na bahasha, na ndani ya bahasha mlikuwa na picha moja ya papo hapo, zile zinazotoka tumboni mwa kamera zikiwa bado mbichi. Aliyeipiga alikuwa amekipiga kioo cha televisheni. Mistari ya kioo ilionekana waziwazi. Na kwenye kioo hicho alikuwemo Lulu, binti wa Bi Chausiku, amekaa mkekani hapa hapa uani, kanga kiunoni, mgongo na mabega wazi, anasingwa kwa liwa, anasuguliwa mwili kwa sandali ya kusagwa, kama wanavyosingwa wari wote wa pwani wiki ya kuolewa kwao. Alikuwa anacheka. Pembeni kabisa ulionekana mkono wa mtu mwingine, mkono mtupu, umeshika bakuli, na bangili tatu nyembamba kwenye kifundo. Chini kulia kulikuwa na tarakimu nyeupe: tarehe ya Jumamosi iliyopita, na 4:10 PM.

Picha hiyo ilichomekwa chini ya mlango wa wakwe Jumatatu alfajiri, pamoja na kikaratasi cha herufi kubwa: MUULIZENI BIBI HARUSI WENU NANI ALIYEMPIGA. Aliyeiokota ni Bi Somoe, shangazi wa bwana harusi Twalib, na ndiye mwenye kauli katika nyumba ile. Aliitazama mara moja, tena bila miwani, akaifunika kwa mtandio na kutangaza kwamba wao hawaozeshi kijana wao kwa mwali aliyemwingiza mpiga picha uani. Jibu la mwisho lingetolewa kesho, Ijumaa, baada ya sala. Harusi ilikuwa Jumapili. Tangu Jumatatu Lulu alikuwa amejifungia chumbani, na maneno pekee aliyompa Eufrazia jana yalipitia kwenye ufa wa mlango: "Sikumwona mtu, dada. Naapa sikumwona mtu."

Eufrazia alimwamini. Lakini kumwamini mtu si ushahidi, na ushahidi ndio kazi iliyomtoa kwao Ndanda miaka kumi na sita nyuma.

Kwa Sajini Hija, msaidizi wake, kesi hii ilikuwa imekwisha tangu Jumatatu jioni. Sajini alisoma 4:10 PM, akahesabu haraka kuwa ni saa kumi na dakika kumi jioni, akaulizia mtaani nani alionekana Jumamosi saa kumi akiwa na kamera. Watu watatu wakamtaja Fredrick, kijana anayerekodi video za harusi, aliyepita uchochoro wa nyuma wakati huo na kamera begani. Fredrick alilala mahabusu usiku ule ule, na mtaa ukamalizia hadithi wenyewe: kijana ni hawara, Lulu ndiye aliyemfungulia mlango, basi na harusi imeingia mchanga.

Kilichomkera Eufrazia ni utosi. Katika picha, utosi wa Lulu ulionekana wote. Ua wa Bi Chausiku ulizungukwa na mabati marefu kuliko mtu, na Fredrick, hata akisimama juu ya ndoo, asingeweza kumtazama mtu kutoka angani.

Kivuli cha nguzo kilikuwa kinajivuta taratibu juu ya mchanga, kikielekea upande wa jiko. Eufrazia alitoa picha, akaitazama, akaitazama nguzo, kisha akaitazama saa yake. Ncha ya kivuli iligusa kizingiti cha mlango wa jiko.

Saa nne na dakika kumi. Asubuhi.

"Mama," alisema bila kuinuka, "jana nilipokuja saa kumi jioni, kivuli hiki kilikuwa kimelala wapi?"

"Huko kwenye pipa la maji. Jua likishuka si kivuli kinahama?"

"Kwenye picha kiko hapa, mlangoni pa jiko." Eufrazia aliirudisha picha kwenye bahasha. "Mwali husingwa saa ngapi?"

"Asubuhi. Tunaanza saa tatu, adhuhuri tumeshamaliza, tumeshamrudisha ndani."

"Jumamosi saa kumi jioni Lulu alikuwa wapi?"

"Ndani, kalala, kafungwa hina miguu yote miwili. Hata kunyanyuka asingeweza."

"Na hilo hukumwambia Sajini Hija?"

Bi Chausiku aliinua uso kutoka kwenye ungo. "Hakuuliza. Yule mtoto wa hapa hapa Temeke, mama yake twajuana. Mwanamume wa kwetu atamuulizaje mama mtu mzima habari za kumsinga mwali? Kasimama hapo mlangoni, kainamisha kichwa, kauliza nani kapita uchochoroni, kaenda zake."

Eufrazia alifumba macho kidogo. Haya ya Sajini Hija ilikuwa imemlaza kijana wa watu mahabusu siku tatu.

"Nani mwingine alikuwepo asubuhi ile?"

"Mie, kungwi wa Lulu, na Bi Somoe. Desturi liwa ya kwanza huletwa na upande wa mume. Kaja nayo kwenye bakuli, kavua baibui, kajifunga kanga, kamsinga mwenyewe kidogo, tukacheka, kaenda zake. Leo huyo huyo hataki hata kulisikia jina la mwanangu." Aliupepeta mchele kwa nguvu. "Yaani hata kuuliza hakuuliza."

"Na jirani yenu wa ghorofa?"

"Bwana Talha? Huyo mtu mwema. Mwaka jana alileta posa, Lulu awe mke wa pili, mtoto akakataa katakata. Wala hakununa. Idi iliyopita katuletea tende."

Eufrazia aliinua macho. Nyuma ya mabati lilisimama ghorofa la Talha, muuza redio na televisheni za Dubai, nyumba pekee ya ghorofa mtaani. Chini ya paa kulikuwa na kisanduku cheupe, kadiri ya mkate wa boflo, chenye kioo cheusi mbele, kikilitazama geti la Talha mwenyewe.

"Ile ni nini?"

"Taa ya ulinzi, mwezi wa tatu huu tangu aifunge. Mwizi akija inawaka. Mwenyewe katuambia."

"Mmewahi kuiona ikiwaka?"

Bi Chausiku aliitazama upya. "Hata siku moja."

Eufrazia alisogea hadi kwenye mabati, akakikazia macho kile kisanduku. Shingo ya chuma iliyoshika kisanduku ilikuwa imepakwa rangi ya krimu pamoja na ukuta, lakini pale inapozungukia rangi ilikuwa imekwanguka, na chuma kinang'aa. Kisanduku hicho kiligeuzwa, na si zamani. Aliaga, akatoka.

Sajini Hija alikuwa nje, kivulini mwa gari, akila karanga.

"Afande, tumalize? Yule kijana Fredrick nimwandikie maelezo ya kukiri?"

"Sajini, saa ngapi?"

Hija alitazama mkono wake. "Saa nne na dakika ishirini."

"Mshale mfupi uko kwenye namba gani?"

"Kumi."

"Na umesema nne."

"Si ndivyo tunavyosoma, afande? Tangu tukiwa watoto."

"Ndivyo. Sasa nikupe saa ambayo haina mishale, ya tarakimu tupu, mpya kutoka dukani. Nikwambie iseti mwenyewe, sasa hivi. Utaandika ngapi?"

"Nitaandika n..." Karanga zilibaki kinywani. "Nne."

"Na ikikutaka uchague AM au PM?"

"PM ndiyo mchana, afande. Nitaweka PM, jua si hilo?" Kisha akasema polepole, kama anayejisomea hukumu: "Nne na kumi, PM. Saa nne na dakika kumi ya mchana huu huu. Mungu wangu."

"Saa sita mbele. Si tano, si saba. Kamera ya Fredrick niliikagua jana, saa yake ni sahihi mpaka dakika. Na Jumamosi saa nne asubuhi alikuwa kanisani anarekodi kipaimara, waumini mia tatu mbele yake na Askofu juu. Tafuta simu, piga kituoni, waambie wamwachie, na watuletee hati ya upekuzi. Kisha umlete mjumbe wa nyumba kumi. Tunakwenda kuiangalia taa ya Bwana Talha."

*

Bwana Talha aliwapokea kwa bashasha. Alikuwa mtu wa miaka hamsini, kanzu nyeupe, harufu ya udi, na tabasamu la mtu aliyezoea kuwauzia wengine vitu wasivyovielewa. Mjumbe alipewa kiti kizuri na Sajini kinywaji baridi.

"Nilishajibu maswali ya Sajini," alisema. "Jumamosi saa kumi jioni nilikuwa dukani kwangu Kariakoo. Watu kumi na wawili wataniapia."

"Nimeyasoma maelezo yako," Eufrazia alisema. "Na asubuhi?"

"Asubuhi nilikuwa hapa, najipumzisha. Peke yangu, mke wangu yuko Mafia kwa wazazi wake wiki ya tatu sasa. Lakini asubuhi inahusu nini? Nyie si mnataka saa kumi?" Macho yalimcheka. Alikuwa anawaona wajinga, na raha hiyo ilimzidi kimo.

"Haihusu. Nimekuja kwa jingine. Mtaa una wizi, na nasikia una mashine inayolinda nyumba. Wakubwa wangu wangependa kujua mambo hayo."

Hilo lilimgusa penyewe. Talha alimtazama mjumbe, akamtazama Sajini. Mtu mwenye kitu cha pekee Temeke nzima, na tangu akinunue hajapata wa kumwonyesha!

"Ni siri kidogo," alisema, akishusha sauti. "Watu wetu hawajastaarabika, wakijua ni kamera watapiga mawe. Ndiyo maana nawaambia ni taa. Njooni."

Ufunguo ulikuwa shingoni mwake, kwenye kamba. Aliwafungulia chumba kidogo ghorofani: meza, televisheni, mashine ya kurekodi, na rafu ya kanda. Kiooni lilionekana geti lake, na mwanamke anapita barabarani na kikapu kichwani bila habari.

"Nani mwingine anaingia humu?"

"Hakuna! Hata mke wangu haijui ndani pakoje. Ufunguo mmoja, na huu hapa."

"Na nani aliyefunga mitambo yote hii?"

"Fundi alipitisha nyaya tu. Kuseti nimeseti mwenyewe. Tarehe, saa, kila kitu."

Eufrazia aliinama karibu na kioo. Pembeni chini kulikuwa na mkwaruzo mdogo uliopinda, kama ukucha. Juu ya mkwaruzo zilikuwa tarakimu nyeupe. 5:20 PM.

"Saa yako iko sawa kweli, Bwana Talha?"

"Sawa kabisa."

"Haijapoteza?"

"Inspekta, nimeiseti kwa redio! Redio ikasema ni saa saba kamili mchana, nami nikabonyeza saba, papo kwa papo. Mchana, nikaweka PM. Tazama saa yako. Sasa hivi si saa tano na dakika ishirini?"

"Ni saa tano na dakika ishirini," Eufrazia alikubali. Alivua saa yake ya mkononi, akaiweka juu ya televisheni. Mshale mfupi ulikuwa umeipita kidogo namba kumi na moja. "Sajini, andika hayo neno kwa neno. Mjumbe, umesikia?"

"Nimesikia," mjumbe alisema, ingawa alikuwa hajaelewa.

"Sasa kosa liko wapi?" Talha aliuliza.

Eufrazia alitoa picha kutoka kwenye bahasha, akaifunika yote kwa kiganja isipokuwa pembe ya chini, akaisogeza kando ya kioo. Tarakimu zilifanana, nyeupe kwa nyeupe. Na chini ya tarakimu za picha, umepinda kama ukucha, ulionekana mkwaruzo.

"Kosa haliko kwenye saa," alisema. "Saa yako inasema kweli, kwa hesabu yako. Saa nne na dakika kumi ya mchana, Jumamosi. Polisi ndio tuliokosea, tukadhani ni saa kumi. Nawe ulipoulizwa habari za saa kumi ulicheka moyoni, ukatupa mashahidi kumi na wawili ambao hatuwahitaji. Asubuhi ulikuwa hapa, peke yako, na ufunguo mmoja. Umetuambia mwenyewe, yote mawili."

Tabasamu la Talha lilibaki usoni kidogo, halina pa kwenda, kisha likaondoka.

"Kamera yangu," alisema hatimaye, na sauti ilikuwa nyingine. "Ukuta wangu. Nimelipia ushuru bandarini. Nikiwa kwangu natazama nitakapo. Wakitaka wasionekane wajenge ukuta kama wangu. Nionyeshe sheria inayonikataza kuwa na jicho."

"Sheria ya jicho sina," Eufrazia alisema. "Nadhani waliozitunga hawakumfikiria mtu kama wewe. Lakini ya kumdhalilisha mwanamke ninayo, na ya kumsingizia mtu pia ninayo. Yule mtoto amekaa kwao, ndani ya ua wa kwao, amevuliwa nguo na mama yake. Kama hapo si faraghani, basi katika mji huu hakuna faragha tena. Fungua droo hiyo."

"Sifungui."

Alimwonyesha hati ya upekuzi. Talha alifungua. Ndani ya droo mlikuwa na kamera ya papo hapo na kanda moja iliyoandikwa kwa kalamu: JUMAMOSI. Kanda nyingine zote rafuni zilikuwa zinarekodiwa upya kila wiki. Hii peke yake aliitunza.

"Tuipeleke kituoni tukaitazame, afande," alisema Sajini Hija. "Vijana wote wapo, na mkuu ana deki ofisini."

Eufrazia alimgeukia. Alimwona Sajini katika akili yake, na vijana wote, na viti vimepangwa, na mtu anasema rudisha nyuma kidogo. Hasira ilimpanda, akaiacha ipande.

"Kanda hii haitazamwi kituoni, Sajini. Haitazamwi na mwanamume yeyote. Tukiitazama sisi, tutakuwa tumemfanyia Lulu kile kile, tena kwa mshahara. Mchukue Bwana Talha mkae sebuleni. Tuma gari wamlete Bi Somoe, na umwite Bi Chausiku avuke."

Hija aliinamisha kichwa. Safari hii aliinamisha pahali pake.

*

Bi Somoe alipanda ngazi akihema kwa hasira. Alikuwa mwanamke mnene, baibui jeusi, miwani mkobani, na mkono wake uliposhika ukingo wa ngazi bangili tatu nyembamba ziligongana.

"Shikamoo, shangazi."

"Marahaba. Nimeitwa na polisi kwa ajili ya mtoto asiye na adabu. Miaka sitini hii sijawahi kuitwa na polisi." Akamwona Bi Chausiku ukutani, akageuza shingo. "Na huyu naye yupo. Mie nilishasema langu, jibu ni kesho."

"Jibu ni lako. Ila vaa miwani kwanza."

Eufrazia alifunga mlango kwa ndani na kuingiza kanda. Kioo kiligeuka theluji, kikatulia. Ua wa Bi Chausiku ukatokea, kutoka juu, mtupu: nguzo, jiko, pipa la maji. Bi Chausiku alishika kifua. Kwa miaka ishirini na saba alikuwa amefua, ameoga na amelia katika ua ule, na hakuwahi kuuona kutoka huko juu.

"Mlango wa uani ni ule," Eufrazia alisema, akiuonyesha kwa kidole. "Tazama shangazi, nani anaingia."

Alisogeza kanda mbele. Akaingia mama. Akaingia kungwi. Akaingia Lulu, akaketi mkekani. Hapakuingia Fredrick, hapakuingia mwanamume, hapakuingia mtu yeyote mwenye kamera. Na hakuna hata mmoja kati yao aliyeinua macho.

Kisha mlango ulifunguka tena, akaingia mwanamke mnene na bakuli. Alivua baibui, akalitundika kwenye nguzo. Alivua na blauzi, akajifunga kanga kifuani, mabega nje, mikono yote nje. Alisema jambo, wenzake wakaangua kicheko, naye akacheza hatua mbili tatu za kiuno kumkejeli bwana harusi. Kisha akainama, akamsogezea Lulu bakuli. Bangili tatu. Kwenye pembe ya kioo: 4:10 PM.

Bi Somoe alivua miwani, akaifuta kwa upindo wa mtandio, akaivaa tena.

"Mie huyo?"

"Ni wewe, shangazi."

"Mie nimecheza vile? Mwanamume yule kakaa hapa, kwenye kiti hiki, kanitazama mie nacheza vile?"

"Kisha akakukata pembeni ya picha. Alibakiza mkono wako tu."

Bi Somoe alikaa chini, sakafuni, baibui na yote. Eufrazia alizima mashine. Alikuwa na uhakika wa kesi yake tangu kivuli kilipogusa kizingiti, lakini uhakika huo ungempeleka Talha mahakamani tu. Usingemtoa Lulu chumbani. Huyu bibi aliyekaa sakafuni ndiye peke yake aliyeweza.

"Nilisema kajianika," Bi Somoe alisema. Machozi yalikuwa yanamtoka bila kelele. "Jumatatu, mbele ya ukoo mzima. Nilisema mwali mwenye haya haonekani mabega. Na mie mabega yangu haya hapa, na mie nina wajukuu." Aliinua uso, akamtazama Bi Chausiku. "Dada Chausiku, nimekukosea. Nimemkosea mtoto wako zaidi."

Bi Chausiku alikuwa na haki ya kuchelewa, naye aliitumia. Kisha akamnyooshea mkono.

"Simama, Somoe. Sakafu ya mtu huyu usiikalie."

Kanda ilitiwa kwenye bahasha, bahasha ikafungwa kwa nta ya mshumaa, na wanawake watatu wakaweka sahihi juu ya mfungo. Bi Somoe aliweka dole gumba. Eufrazia aliandika chini kwamba isifunguliwe ila mbele ya hakimu, faraghani. Alijua atabishana na mkuu wake kwa hilo, na alijua atashinda.

Habari ilikuwa imeshatangulia barabarani. Walipotoka na Talha, wanawake wa mtaa walikuwa wamejaa getini, kila mmoja akiuhesabia ua wake: nani anaonekana kutoka pale, nani aliwahi kuoga saa ngapi. Hakuna aliyerusha jiwe. Walimtazama tu, wote kwa pamoja, kutoka kichwani hadi miguuni, na Talha aliyekuwa akiwatazama miezi mitatu mizima aliinua mkono wa kanzu akajifunika uso.

"Ngazi!" mtu alipaza sauti. "Leteni ngazi!"

Ngazi ililetwa, na Sajini Hija mwenyewe alivua viatu akapanda. Alilegeza skrubu moja baada ya nyingine huku akiupa mgongo ua wa Bi Chausiku kwa makusudi kabisa. Kisanduku kilipong'oka ukutani, nyaya zikining'inia, vigelegele vilipanda vikaifunika hata kelele ya viwanda vya jirani.

Bi Somoe hakungoja. Alivuka uchochoro, akaingia uani, akaenda moja kwa moja kwenye mlango wa chumba, akagonga kwa kiganja.

"Lulu! Mwanangu, fungua. Mie shangazi yako. Jumapili tunakuja kukuchukua na ngoma, kama si ngoma mbili. Aliyekupiga keshapatikana, na mie kanipiga pia. Fungua nikuombe radhi uso kwa uso."

Komeo lilichelewa. Kisha likavutwa, na Lulu akasimama mlangoni, macho yamevimba, akilikingia jua kwa mkono. Alimtazama shangazi wa mchumba wake, akamtazama mama yake, mwisho akatazama juu, pale chini ya paa la ghorofa. Palikuwa na matundu manne ya skrubu na alama ya rangi.

"Hakipo?" aliuliza.

"Hakipo," Eufrazia alisema. "Kiko kwenye buti ya gari langu, nimekigeuzia uso chini."

Lulu alicheka, kicheko kidogo chenye kutu, na mama yake alikuwa ameshatandika mkeka. Eufrazia aligeuka aende zake. Maelezo yalikuwa hayajaandikwa, na yeye si wa pwani, mambo haya hayakuwa yake. Bi Somoe alimwekea bakuli la liwa mikononi kabla hajafika mlangoni.

"Wewe unakwenda wapi? Siku nne mtoto hajasingwa. Vua kofia hiyo ya serikali."

Inspekta Eufrazia Nandonde aliutazama mlango wa uani. Sajini Hija alikuwa ameufunga kutoka nje, na alisikika akimwambia mtu kwa sauti kubwa kwamba hapiti mtu hapa. Basi alivua kofia, akavua na viatu, akapiga magoti mkekani.